Msiba Uliokwisha Kwenye Filamu Tu

Mwezi wa pili mwaka 2009, katika ukumbi wa kukodi pale Husby, Stockholm, mtengeneza filamu aitwaye Messan Kpodar alimkatiza mzee Alphonse katikati ya maneno ya kuondoa msiba, kwa sababu taa yake moja ilizimika. Akamwomba ayaseme tena. Halafu tena. Baadaye akasimama mbele ya watu na kusema kwamba katika filamu yake hakuna kitu kilichoigizwa. Huo ndio ubaya aliotendewa Pélagie, mjane wa Léonidas, na hakuna haja ya kuuzungushia maneno.

Wanaomjua Messan watasema ni mtu mwema. Pélagie naye angesema hivyo, siku ambayo miguu haimwumi sana. Alimfahamu tangu 2003, walipokuwa wakifanya kazi kwenye nyumba moja ya wazee huko Kista, Pélagie akiwaogesha wazee na Messan akiosha vyombo jikoni. Yeye Pélagie ni mzaliwa wa Bwiza, Bujumbura, hakupita darasa la pili, na Kifaransa chake ni cha kuokota sokoni. Messan alikuwa mtu wa Togo, mrefu, mwenye mvi za mapema na miwani iliyofungwa kwa waya. Kiswahili alijifunza kwake na kwa Kambale, Mkongo wa Butembo aliyekuwa akiendesha basi. Kilikuwa Kiswahili kisicho na mpangilio, lakini kilifika.

Saa ya chakula alikuwa akisimulia maisha yake. Alizaliwa Aného, kando ya ziwa la maji ya chumvi, na alipokuwa na miaka ishirini alipata kazi Lomé kwa mwenye kumbi mbili za sinema. Mwenye kumbi alikuwa bahili, hivyo alikodi nakala moja tu ya kila filamu. Kipande cha kwanza kikiisha ukumbi wa kwanza, Messan alikifunga nyuma ya pikipiki na kukikimbiza ukumbi wa pili, anakiacha na kurudi kuchukua kingine. Akichelewa, watu walipiga miluzi na kugonga viti.

"Siku moja nilianguka," alisema, "nikafikisha kipande cha nne kabla ya cha tatu. Mtu akazikwa kwanza, kisha akapigwa risasi. Hakuna aliyelalamika. Wakasema filamu imetengenezwa kwa akili sana."

Pélagie alicheka hadi akaweka kikombe chini. Ndivyo alivyokuwa Messan, ukikaa naye ulisahau kwamba umechoka.

Mikanda iliyokatika aliiunga mwenyewe, na kwa kuunga akajifunza kukata. Kwa miaka minne, kila Jumapili, alimpiga picha shangazi yake aliyekuwa akiuza chumvi, akapata filamu ya dakika ishirini na sita. Ilikwenda kwenye tamasha. Huko Mswidi mmoja aliyevaa viatu vyeupe akamwalika Stockholm kwa wiki mbili, mwaka 1991. Alikuja na koti la kuazima na makopo mawili ya bati yenye filamu ndani. Akiwa huku, Lomé ikachafuka, risasi mitaani, na yule wa viatu vyeupe aliyeahidi tiketi ya kurudi akawa hapokei simu. Wiki mbili zikawa miaka kumi na miwili ya kuosha sahani.

Hakuacha. Kila mwaka aliandika maombi ya kusaidiwa kutengeneza filamu nyingine, na kila mwaka alijibiwa kwa barua.

"Wananikataa kwa Kiswidi kizuri sana," alimwambia Pélagie. "Kizuri mpaka unatamani kuitia barua kwenye fremu."

Ili mkono usisahau kazi, alipiga video za harusi na ubatizo wa Warundi, Wanyarwanda na Wakongo, na harusi hizo zilimletea lawama. Colombe, wifi yake Pélagie, dada wa Léonidas anayeishi Alby, alimkodi kwenye harusi ya bintiye. Walipokaa kuangalia kaseti wakakuta dakika tisa za mikono ya bibi mmoja anayesugua sufuria, na keki haimo.

"Keki yangu iko wapi, Messan?" Colombe aliuliza.

"Mama, keki zote zinafanana. Mikono ya yule bibi je?"

"Mikono ya yule bibi naijua, ni mama yangu. Keki ndiyo niliyoagiza."

Léonidas alimpenda kwa mambo kama hayo. Léonidas alikuwa msafishaji wa treni, mtu wa maneno machache. Mwaka 2006 walikwenda yeye na mkewe chumbani kwa Messan kumsaidia kuhamisha kabati, wakakuta chumba kinanuka siki kali. Pélagie alidhani amemwaga achari. Messan akatoa kopo moja la bati kutoka chini ya kitanda na kulifungua. Filamu ya shangazi wa chumvi ilikuwa imejikunja na kukakamaa kama majani makavu ya mgomba, na siki ilikuwa ikitoka humo. Nakala ilikuwa ni hiyo moja. Alieleza kwamba mikanda ya zamani huoza hivyo, na kwamba hakuna tena mashine ya kuipitisha.

"Hii imekufa, bwana," Léonidas alisema.

"Imekufa miaka mitano sasa. Sijapata nafasi ya kuizika."

Pélagie alitoka pale na uzito moyoni. Mtu ana umri wa miaka zaidi ya hamsini, kazi yake yote imo kwenye kopo, nayo imeoza. Huruma ile ndiyo iliyomponza.

Léonidas alifariki mwezi wa kumi na moja mwaka 2007, amesimama kituoni Spånga akisubiri treni ya kwenda kazini, moyo ukasimama tu. Alizikwa huku huku. Kwa Warundi, kifo hakiishi siku ya kuzika. Unapopita mwaka, ukoo unakusanyika kuganduka, yaani kuuondoa msiba. Mkubwa wa ukoo anamwita marehemu kwa jina lake, anasema machozi yamekauka, jembe litoke, ng'ombe wakamuliwe, watoto waoe na waolewe. Kisha anakunywa pombe ya mtama, mjane anakunywa baada yake, na kuanzia hapo mjane ni mtu kama watu. Kabla ya hapo hakai kwenye furaha ya mtu, hapokei mahari ya bintiye, hampi mjukuu jina. Na maneno yale husemwa mara moja tu. Hayajaribiwi wala hayarudiwi.

Mkubwa wa ukoo alikuwa mzee Alphonse, baba mdogo wa Léonidas, aliyeishi Brussels. Walipanga aje mwezi wa kumi na moja 2008. Ndipo Messan akaja kwa Pélagie akiwa ameshika barua.

"Dada Pélagie, safari hii wamekubali."

Walikuwa wamekubali kumpa msaada wa filamu moja kuhusu mjane wa Kiafrika katika jiji la baridi. Mjane aliyemwandika kwenye maombi alikuwa ni Pélagie, na hakuwa amemwuliza. Akamwomba sasa. Akaomba pia kuganduka kusubiri mpaka mwezi wa pili, kwa sababu mwezi wa kumi na moja kuna matope na giza tu, naye alitaka theluji.

"Miezi mitatu tu, dada. Léonidas angenicheka, lakini angenikubalia."

Hapo alimshika pabaya, maana ni kweli Léonidas angekubali. Pélagie akasubiri miezi mitatu zaidi ndani ya msiba kwa ajili ya theluji. Kosa hilo ni lake, na hajalikana.

Siku yenyewe walikuwa watu kumi na wanne. Colombe alikuwa amechachusha pombe ya mtama kwenye ndoo nyeupe kando ya kipasha joto cha sebuleni, wakaileta kwa tunnelbana, treni ya chini ya ardhi, kutoka Alby ikiwa imefungwa kwa mablanketi kama mgonjwa. Theluji ilikuwepo, tele, mpaka kwenye madirisha. Messan alisimamisha taa tatu na kamera, Kambale akapewa maikrofoni ya kushika. Mzee Alphonse alikaa katikati na fimbo yake, na chungu cha pombe mbele yake chenye mirija miwili.

Akaanza. Sauti yake ilikuwa ndogo lakini watu walinyamaza mpaka ukasikia bomba. Alimwita Léonidas kwa jina lake na la baba yake. Akasema machozi yamekauka, akasema jembe litoke. Pélagie alihisi kitu kinaanza kumwachia mabegani, kitu alichokuwa amekibeba mwaka na miezi mitatu. Mzee akafika kwenye ng'ombe, na taa ya kushoto ikazimika.

"Simama, simama hapo," Messan alisema. "Samahani, baba. Tutaanza mwanzo."

Mtu anaweza kuuliza kwa nini watu kumi na wanne, watu wazima, walikubali. Walikubali kwa sababu aliyesaini karatasi ya ukumbi alikuwa Messan. Ukishakaa miaka kumi na tano nchi hii unajifunza kwamba mwenye jina kwenye karatasi ndiye mwenye mahali, na ukumbi ulikuwa wao mpaka saa kumi na mbili jioni tu, baada ya hapo mlango unapiga king'ora wenyewe. Kila mmoja alidhani Messan ana haki. Hakuna aliyekumbuka kwamba karatasi ni ya ukumbi, na msiba ni wao.

Mzee akarudia. Mara ya pili Messan alimkatiza kwa sababu mrija ulimziba Pélagie uso. Kisha fyuzi ya taa ikaruka, Kambale akaondoka na mlinzi wa jengo kwenda kuitafuta, wengine wakaenda dirishani kunyoosha miguu. Pale kwenye chungu wakabaki watatu. Mzee Alphonse akamwita Messan karibu na kusema naye kwa Kifaransa, polepole, kama anavyosemeshwa mtoto mgumu. Pélagie alikuwa ameshika kikombe, hatua moja kutoka kwao, na Kifaransa kile alikielewa chote.

"Mara hii inayofuata nakupa wewe na mashine yako," mzee alisema. "Ya marehemu sijaifanya, umeiharibu. Nitakuja kuifanya wakati wa kiangazi, na wewe hutakuwepo. Umenisikia?"

"Ndiyo, baba. Asante, baba."

Mara ya tatu mzee alisema kila kitu isipokuwa jina. Hakumwita Léonidas, na watu waliokwisha kuchoka hawakugundua. Alikunywa, Pélagie akanywa, watu wakapiga makofi, Colombe akapiga vigelegele, na saa kumi na mbili kasorobo wakafunga mlango. Mabega ya Pélagie yalikuwa mazito kama yalivyokuwa asubuhi.

Kiangazi mzee hakuja, mguu ulimvimba. Mwezi wa kumi akafa huko Brussels.

Filamu ilitoka mwezi wa tatu mwaka 2011, katika sinema moja mjini yenye viti vyekundu. Pélagie alikaa safu ya tatu na bintiye Elise, hakuvua koti. Aliona uso wake mkubwa kama mlango. Kazi ilikuwa nzuri, hilo nalo hana budi kulisema. Messan anajua kuangalia mtu. Alimwonyesha akifunga kamba za viatu kabla ya zamu, na mtu pembeni akavuta kamasi. Ilipofika kuganduka, ilionekana mara moja tu, moja kwa moja, bila taa kuzimika. Na mahali ambapo jina la Léonidas lingetajwa, Messan alikuwa ameweka theluji ikianguka dirishani, kimya, muda mrefu kidogo. Watu waliona uzuri. Pélagie aliona shimo lililofunikwa. Maana yake Messan alijua. Mtu hafuniki mahali asipojua kuna nini.

Taa zilipowashwa, mwenye kipindi alimwuliza Messan kama wale watu hawakusumbuliwa na kamera. Elise alimtafsiria mama yake majibu kutoka Kiswidi, sikioni.

"Anasema mlimsahau kabisa. Anasema hakugusa kitu. Anasema hakuna kilichoigizwa."

Filamu ikapata tuzo, ikapanda ndege. Messan akaacha kuosha sahani. Hilo Pélagie hakumwonea wivu, mtu aliyeosha sahani miaka ishirini ana haki ya kuacha.

Kiangazi cha mwaka huo huo, familia ya Jonas, kijana aliyependana na Elise, Watanzania wa Spånga, waliomba kuja kuposa. Pélagie akaona sasa jambo limemfika shingoni. Akapanda treni mpaka Alby kwa Egide, binamu yake Léonidas, ambaye baada ya mzee Alphonse ndiye mkubwa wa ukoo huku. Egide hakuwepo ukumbini siku ile, alikuwa zamu. Pélagie akamweleza yote, taa, mrija, na maneno ya mzee kwa Kifaransa. Akamwomba ayaseme maneno upya, hata nyumbani, hata na watu watano.

Egide alisikiliza vizuri, kisha akajishika kichwa.

"Shemeji, mimi nimeona kwa macho yangu. Mzee kasema, kanywa, wewe umenywa. Mpaka Waswidi wamelia. Niondoe mara ya pili kitu alichoondoa mkubwa wangu? Huko ni kumwita mwingine afe."

"Hakumtaja jina."

"Kuna theluji pale."

"Theluji ameiweka Messan."

"Basi Messan aje aniambie. Wewe ni mjane, hujishuhudii mwenyewe. Yeye aliambiwa na mzee. Aje akae hapo ulipokaa, aseme mbele ya watu: mzee aliniambia ile ni ya mashine. Akisema tu, Jumamosi hiyo hiyo nachachusha mtama."

Colombe alikuwa anamenya ndizi. "Mama Elise, umeondolewa msiba mbele ya dunia nzima," alisema bila kuinua macho. "Sijui unataka nini tena. Muhuri?"

Pélagie akamtafuta Messan. Alimkuta kwenye mgahawa wa Husby centrum, penye maduka, amevaa miwani mpya. Alimkumbatia, akaagiza kahawa mbili, akauliza miguu inaendeleaje. Kisha Pélagie akamwambia anachotaka, na mtu yule akaanza kukoroga kahawa isiyo na sukari.

"Unakumbuka alichokuambia mzee?" Pélagie aliuliza.

"Nakumbuka."

"Umwambie Egide hivyo hivyo."

"Dada, Egide atamwambia Colombe. Colombe atawaambia watu wote wa mstari mwekundu wa treni. Kesho mwandishi wa gazeti ananipigia simu: bwana, ulisema ni kweli tupu. Filamu hii imepokelewa kwa sababu ni ya kweli. Nikisema mzee aliniambia ile ni ya mashine, nimekwisha."

"Mimi je?"

Messan akaweka kijiko chini. Hakuwa akijifanya, alionekana kuumia kweli.

"Nilikuwa na filamu moja ikaoza," alisema. "Nipe nafasi hii moja isioze. Itaonyeshwa kwenye televisheni msimu wa vuli. Ikishaonyeshwa, nakwenda kwa Egide kwa miguu yangu."

"Naomba uniapie."

"Nakuapia kwa shangazi yangu."

Mwezi wa nane familia ya Jonas wakaja na mahari. Egide aliipokea, kwa kuwa kwake msiba ulikwisha. Pélagie hakuingia. Alikaa jikoni mwa ukumbi akiosha glasi, huku wakwe wakiuliza mama wa bibi harusi yuko wapi. Elise akamfuata, na kama kawaida yake akiwa na hasira alisema Kiswidi.

"Imekwisha, mama. Kila mtu anajua imekwisha. Nilikuwepo. Kwa nini unanifanyia hivi leo?"

"Haijaisha."

"Nani anasema?"

"Mzee Alphonse."

"Amekufa."

Pélagie alisugua glasi ile ile mpaka Elise akarudi kwa wageni. Angemwambia amwulize Messan. Messan alikuwa kwenye tamasha nchi nyingine.

Televisheni iliionyesha filamu mwezi wa kumi na moja. Ikaionyesha tena wakati wa Pasaka 2012, mchana, kwa wale walioikosa. Pélagie alipiga simu mara nne. Mara ya kwanza Messan alisema kuna filamu ya pili, wanaoisaidia wanasoma karatasi zake mwezi huu, amalizane nao kwanza. Mara ya pili alisema anaumwa kifua. Mara ya tatu na ya nne simu iliita tu. Kambale alisema amemwona basini, amezeeka, naye Messan akamwuliza habari za dada Pélagie kabla hajashuka.

"Nilimwambia aende akuone, grand wangu yule, kaka mkubwa," Kambale alisema. "Akasema atakuja. Akashuka kituo ambacho si chake."

Elise alijifungua mtoto wa kike mwezi wa tano. Mama yake alikwenda hospitali, akambeba, akambadilisha nepi, akaulizwa ampe jina kama desturi. Akasema hawezi. Elise akachukua mtoto. Karatasi za mtoto zina jina lililochaguliwa na upande wa Jonas, na Pélagie bado hajazoea kulitamka.

Mzee Alphonse hadaiwi, alisema ukweli wake na kifo kikamzuia. Egide hadaiwi, anasubiri shahidi. Theluji, sinema, televisheni na wale waliolia kwenye viti vyekundu hawadaiwi, hawakujua. Anayedaiwa ni Messan Kpodar. Anachodaiwa ni kupanda treni mpaka Alby, kukaa sebuleni kwa Egide, na kusema kwa sauti alichoambiwa na mzee kando ya chungu siku ile. Haitamchukua dakika moja. Mpaka leo hajalipa.